Mbuzi wa Toggenburg Nyanda za Juu Kusini: panda majani kwanza, nunua mbuzi baadaye

Wengi wa Njombe, Makete, Mufindi na Rungwe wanaotaka mbuzi wa maziwa huanza kwa kuuliza bei ya jike mwenye mimba. Swali la kutangulia ni jingine: mwezi wa tisa, vilima vimekauka na mvua bado miezi miwili, mbuzi huyo atakula nini? Mwenye jibu aendelee kusoma. Asiye nalo anunue vipando vya majani mwaka huu, mbuzi amwachie mwaka kesho.

Toggenburg ni mbuzi wa Uswisi, wa bonde lenye jina hilohilo katika jimbo la St. Gallen. Huko kwao miezi ya joto hupandishwa milimani kula majani mabichi na vichaka, na theluji ikianza hurudishwa bandani na kulishwa majani makavu yaliyokatwa na kuwekwa akiba. Kwa vizazi vingi amechaguliwa na watu ambao wasipohifadhi majani hawana mbuzi wala maziwa. Sisi tumechukua mbuzi, akiba ya majani tukaiacha kulekule.

Kiangazi chetu, kuanzia Mei hadi Oktoba, ndicho theluji yake. Ile baridi ya Juni na Julai watu wanayoiogopa, hata ya mashamba ya Makete yanayoamka meupe kwa umande ulioganda, haimuui mbuzi mzima aliyeshiba na aliyelala pakavu. Kinachomshusha ni njaa ya kiangazi, na unyevu wa masika, hasa upande wa Rungwe ambako mvua na ukungu havina likizo ndefu. Karibu kila tatizo litakalotajwa hapa chini linarudi kwenye hayo mawili.

Kumtambua na kumkagua

Toggenburg halisi ana rangi ya kahawia, kuanzia ile ya maziwa ya chai hadi iliyokolea sana, na alama nyeupe zisizobadilika mahali: mistari miwili usoni inayoshuka kutoka juu ya macho hadi mdomoni, masikio meupe yenye doa jeusi katikati, miguu ya mbele myeupe kuanzia magotini kwenda chini, ya nyuma kuanzia kwenye kifundo, na pembetatu nyeupe kila upande wa shina la mkia. Masikio husimama. Jike aliyekomaa na kulishwa vizuri hufika kilo 50 hadi 55, beberu zaidi ya 65. Wengine wana manyoya marefu mgongoni na mapajani. Yakiloa hukaa na maji muda mrefu, na miezi ya baridi hufuga chawa, kwa hiyo wa namna hiyo mpunguze nywele za mapajani na kuzunguka kiwele.

Alama hizo hazithibitishi damu. Chotara wa nusu anaweza kuwa na mistari ya usoni mizuri kuliko ya mama yake, na muuzaji akakwambia ni safi. Daftari la ukoo ndilo linalosema: baba nani, mama nani, alizaliwa lini, mama alitoa maziwa kiasi gani. Kama halipo, lipa bei ya chotara.

Umri uangalie kwenye meno ya mbele ya taya la chini. Meno mawili makubwa ya kudumu ni mbuzi wa mwaka mmoja na kitu, manne ni wa karibu miaka miwili, sita ni wa miaka mitatu hivi, na manane ni wa minne au zaidi. Usinunue mwenye mapengo hata kama kiwele kimejaa.

Kiwele kilichojaa chenyewe kina ujanja wake. Jike asiyekamuliwa tangu jana atakuonyesha kiwele cha kupendeza mnadani. Nenda nyumbani kwa muuzaji jioni, mkamueni mbele yako hadi aishe, kisha rudi alfajiri mkamue tena. Maziwa ya asubuhi hiyo ndiyo unayoyanunua. Baada ya kukamua, kiwele kinapaswa kuwa laini kama soksi tupu. Ukipapasa ukakuta mabonge magumu ndani, huyo amewahi kuugua kiwele na upande huo hautarudi. Chuchu ziwe mbili tu, za urefu wa kushikika kwa vidole vinne. Mtembeze pia. Magoti ya mbele yaliyovimba kwa mbuzi mzima ni dalili ya ugonjwa wa virusi wa viungo, ambao umeenea kwenye mbuzi wenye asili ya Ulaya, hauna tiba, na hupita kwa vitoto kupitia maziwa.

Kuna jambo wauzaji wengi hawalijui, na wanaolijua hawalisemi. Toggenburg wengi huzaliwa bila pembe, na watu huwapenda hivyo kwa sababu hawaumizani. Ukipandisha jike asiye na pembe kwa beberu asiye na pembe, baadhi ya watoto wanaoonekana majike watakuwa huntha: wana uke mdogo wenye kinundu, hawaingii kwenye joto, hawazai, hawatoi maziwa. Unawalisha mwaka mzima ndipo unagundua. Kinga ni rahisi: mmoja kati ya wawili hao awe amezaliwa na pembe. Beberu aliyechomwa pembe utotoni anahesabiwa kuwa na pembe, kwa hiyo uliza, na upapase makovu kichwani.

Kwa anayeanza, ushauri wangu ni chotara wa nusu au robo tatu. Jike wa kienyeji mwenye umbo zuri akipandishwa na beberu wa Toggenburg hukupa mtoto anayestahimili minyoo na makosa ya mwanzoni. Tegemea kati ya nusu lita na lita moja na nusu kwa siku kwa chotara, na lita moja na nusu hadi mbili na nusu kwa damu safi iliyolishwa sawasawa, kwenye uzao wa pili au wa tatu. Anayekuahidi lita tano Makambako muombe akukamulie.

Banda

Mbuzi huyu afugwe ndani na aletewe chakula, hasa sehemu zenye mashamba ya chai, viazi na parachichi ambako kumwachia ni kugombana na jirani. Banda liwe limeinuliwa mita moja kutoka ardhini, ili uweze kuingiza reki na kuvuta samadi bila kupiga magoti. Sakafu iwe ya fito au mbao nyembamba zilizoachana sentimita moja na nusu. Ikizidi, kwato zinanasa na mguu unavunjika. Ikipungua, mavi hayadondoki. Chumba cha vitoto kiachane sentimita moja tu.

Mabanzi yanapatikana kwa wingi kutoka kwenye viwanda vya mbao vya Mafinga na Njombe, na kwa kuta yanafaa sana. Kwa sakafu ni hatari: yana upande wa magome wenye mzunguko, yanashika mkojo, yanaoza ndani ya misimu michache. Sakafuni tumia mbao zilizopasuliwa za milingoti au mianzi mikavu iliyokomaa.

Nafasi: jike mzima mita mbili za mraba, beberu tatu hadi nne, peke yake, umbali wa mita 15 au zaidi na upande ambao upepo unatoka kwa majike kwenda kwake. Harufu yake huingia kwenye maziwa, na ukiisikia kwenye kikombe hakuna chujio la kuitoa.

Kosa la kawaida kwenye baridi yetu ni kuziba banda lote kwa turubai na maboksi. Joto linaongezeka kidogo, lakini mvuke wa pumzi na hewa kali ya mkojo vinabaki ndani, na wiki chache baadaye unasikia kikohozi. Ziba upande wa upepo wa kusi kuanzia sakafuni hadi juu. Pande nyingine ziba hadi kimo cha mgongo wa mbuzi, juu acha wazi. Ukiingia alfajiri macho yakakuwasha, hewa haitoshi. Vitoto wawekewe sanduku lenye nyasi kavu au maranda ndani ya chumba chao, na maranda yabadilishwe yanapolowa bila kungoja Jumamosi.

Hori liwe nje ya ukuta, mbuzi atoe kichwa tu. Mbuzi hali kitu alichokikanyaga, na ukimwekea majani sakafuni utatupa nusu ya mzigo ulioubeba kichwani.

Majani, na hesabu yake

Mbuzi wa kilo 50 anayekamuliwa anahitaji karibu kilo mbili za chakula kikavu kwa siku. Majani mabichi robo tatu yake ni maji, hivyo hizo ni kilo nane za majani mabichi. Kwa kuwa anachagua na kuacha mashina, mwekee kilo kumi. Theluthi moja ya mzigo huo itoke kwenye jamii ya mikunde, zilizobaki ziwe nyasi.

Ni nyasi gani, inategemea mwinuko. Matete yanastawi Tukuyu, Kilolo, na mabondeni pa Mbeya, lakini juu ya mita 2,000 barafu ya Juni huyachoma hadi chini na kiangazi chote unabaki na vijiti. Majani ya Guatemala, ambayo wakazi wa maeneo ya chai wanayafahamu, yana nguvu kidogo ya lishe ila yanavumilia ukavu. Makete na miinuko ya Njombe panda oti za kukata. Zinakubali baridi, na zikikatwa zinapoanza kutoa masuke zinatoa majani makavu mazuri.

Kwa mikunde, lukina (Leucaena) watu huipanda kwa sababu wameisoma, kisha inadumaa: haipendi baridi wala udongo wenye tindikali. Kaliandra inakwenda vizuri hadi karibu mita 1,800. Mpe ikiwa mbichi, siku ileile uliyokata, kwa sababu ikikaushwa thamani yake hushuka. Juu ya hapo mti wa kupanda ni lusina ya miti (tree lucerne, si lukina), ambayo inahimili baridi na hubaki kijani kiangazi, mradi haisimami kwenye maji. Desmodiamu ipande chini ya matete au kwenye kingo za matuta. Miti 200 ya mikunde kwenye mpaka wa shamba, ikikatwa kwa zamu kwenye kimo cha mita moja kila baada ya wiki nane hadi kumi na mbili, inasaidia sana majike wawili. Usianze kukata kabla mti haujafikisha karibu mwaka mmoja.

Akiba ya kiangazi ihesabu hivi. Ukilenga kilo moja ya majani makavu kwa mbuzi kwa siku, miezi mitano ni kilo 150. Sanduku la mbao lenye urefu wa sentimita 85, upana 55 na kina 45, ukilijaza huku unakanyaga, hutoa bunda la kilo 15 hadi 20. Kwa hiyo jike mmoja ni mabunda nane hadi kumi, na ya ziada kwa yatakayoharibika. Kata nyasi mwishoni mwa mvua, Aprili kuelekea Mei, zinapoanza kutoa maua. Wengi hungoja hadi Julai kwa sababu jua ni la uhakika, lakini wakati huo wanakausha mashina tu. Geuza mara mbili kwa siku, na zikivunjika ukizisokota huku zingali na rangi ya kijani, funga. Mabua ya maharage baada ya kupura ni chakula bora kuliko ya mahindi, na bado kila msimu watu huyachoma moto shambani.

Sileji ya mifuko, yaani majani mabichi yaliyochachushwa bila hewa, inafaa Rungwe, ambako kukausha ni bahati nasibu. Katakata matete ya kimo cha mita moja vipande vya sentimita mbili hadi tatu, yaache yanyauke nusu siku, nyunyizia kilo tatu za molasi zilizochanganywa na maji kiasi hichohicho kwa kila kilo 100, shindilia kwenye mfuko mgumu wa nailoni hadi hewa yote itoke, funga na uache wiki sita. Mahindi machanga yaliyokatwa punje zikiwa na uji hayahitaji molasi. Sileji yenye ukungu mweupe au wa kijani tupa mbali. Sileji iliyooza huweza kubeba vijidudu vinavyoshambulia ubongo: mbuzi anainamisha kichwa upande mmoja, sikio linalegea, anazunguka duara. Akifika hapo, dawa inatakiwa siku hiyohiyo, na mara nyingi imechelewa.

Sasa yale ya kutompa. La kwanza kwa ukanda huu ni parachichi. Tangu mashamba ya parachichi yaenee Njombe na Rungwe, matawi ya kupogolea yamekuwa mengi na ya bure, na mfugaji anayaona kama zawadi. Majani, magome, matunda mabichi na mbegu za parachichi vina sumu inayoshambulia tezi za maziwa na misuli ya moyo. Mbuzi anayenyonyesha akila, ndani ya siku moja hivi kiwele huvimba na kuwa kigumu, maziwa yanakuwa na mabonge na kupungua sana. Mfugaji anafikiri ni ugonjwa wa kawaida wa kiwele, anadunga dawa ya bakteria, haifanyi kitu. Akila nyingi, shingo na kifua hujaa maji na anakufa kwa moyo. Hakuna dawa ya kuiondoa sumu hiyo. Kabla hujatibu kiwele kilichovimba pande zote mbili kwa mpigo, uliza watoto jana walimpa nini.

La pili ni viazi mviringo. Mashina na majani yake, na viazi vilivyogeuka kijani kwa jua, vina sumu. Viazi vizuri vidogo vilivyochambuliwa unaweza kumpa kidogo, vilivyokatwa ili asikabwe. Marando ya viazi vitamu hayana shida. La tatu ni majani ya miwati, ambayo Njombe yamejaa: mbuzi anayala kwa hamu, lakini ukakasi wake mwingi hufunga protini ya chakula kingine. Konzi moja ni sawa, mzigo mzima ni hasara. Mikunde yenye umande wa asubuhi ingoje ikauke au itanguliwe na nyasi kavu, la sivyo tumbo la kushoto litajaa gesi.

Chakula cha nyongeza kwa bahati nzuri tunacho nyumbani, kwa sababu mahindi na alizeti vinasindikwa kila mji kuanzia Iringa hadi Mbeya. Kwa kilo 100 changanya pumba za mahindi 66, mashudu ya alizeti 30, madini ya mifugo 3 na chumvi 1. Mpe gramu 300 hadi 400 kwa kila lita anayotoa, wakati wa kukamua, nusu asubuhi na nusu jioni. Ongeza kidogokidogo kwa muda wa wiki mbili. Mbuzi aliyevunja mlango wa stoo na kula ndoo nzima ya pumba anaweza kufa kesho yake. Beberu asipewe pumba nyingi: fosforasi ikizidi hujenga mawe kwenye njia ya mkojo, na utamwona akijikamua bila tone kutoka. Kwake majani mazuri na gramu 200 hadi 300 msimu wa kupandisha vinatosha.

Maji, lita tano hadi nane kwa jike anayekamuliwa. Asubuhi za Juni maji ya bomba la Njombe yanauma meno, na mbuzi anayagusa kwa mdomo na kuondoka. Yapashe moto yawe vuguvugu. Ni ongezeko la maziwa lisilohitaji fedha zaidi ya kuni.

Kupandisha, kuzaa na vitoto

Ulaya Toggenburg hupandishwa msimu wa siku fupi tu. Kwetu, ambako urefu wa siku haubadiliki sana, huingia kwenye joto mwaka mzima, kila baada ya siku 18 hadi 21. Hiyo inakupa uhuru wa kuchagua. Mimba ni siku 150. Akipandishwa Juni anazaa Novemba, mvua inaanza, na unakamua kwenye majani mengi, lakini vitoto wanakulia kwenye unyevu. Akipandishwa Novemba anazaa Aprili, vitoto wanakua pakavu, na maziwa yanapatikana kiangazi wakati ni adimu na yana bei. Mwenye akiba ya majani achague la pili. Asiye nayo hana uchaguzi.

Jike apandishwe akifika kilo 30 hadi 35, hata kama miezi yake imeshatimia mapema. Akionekana asubuhi anatikisa mkia, analia ovyo na uke umevimba wenye ute, mpeleke kwa beberu jioni, na urudie asubuhi inayofuata.

Mkaushe maziwa miezi miwili kabla ya kuzaa. Wiki sita za mwisho ndizo zenye hatari kwa anayebeba mapacha: tumbo limejaa watoto, nafasi ya majani imepungua. Asipopata nyongeza, mwili unaanza kuyeyusha mafuta, anaacha kula, anasaga meno, pumzi inanuka utamu wa ajabu, analala. Anza na gramu 200 za nyongeza na upandishe hadi 500. Jike mnene kupita kiasi naye huingia kwenye shida hiyohiyo, kwa hiyo usimnenepeshe mwanzoni mwa mimba.

Kitoto kikizaliwa, futa pua, kausha mwili kwa gunia, chovya kitovu kwenye tincha ya iodini, na kipate dang'a ndani ya saa moja. Cha kilo tatu kinywe mililita 150 kwa mlo, angalau mara tatu siku ya kwanza. Ukiwa unalisha kwa chupa baadaye, maziwa yawe na joto la mwili, nyuzi 38 au 39, robo lita mara nne kwa siku, na uongeze taratibu. Ya baridi huleta kuhara. Majani laini na maji awekewe kuanzia wiki ya pili, aachishwe kwenye miezi mitatu. Pembe zichomwe kati ya siku ya nne na ya kumi na nne, na mtu aliyefundishwa, maana fuvu la kitoto cha mbuzi ni jembamba na chuma kikikaa sekunde chache zaidi ubongo unaungua.

Kukamua

Mara mbili kwa siku, saa zilezile. Osha kiwele kwa maji ya moto na kitambaa cha kila mbuzi peke yake, kausha. Michirizi miwili ya kwanza ikamulie kwenye kikombe cheusi, uangalie mabonge au damu. Bana chuchu juu kwa kidole gumba na cha shahada, kisha vidole vingine vishuke kimoja baada ya kingine. Kuvuta kunaharibu chuchu. Ukimaliza chovya kwenye dawa ya iodini ya chuchu, na mpe majani ili asimame nusu saa kabla ya kulala, tundu lijifunge. Maziwa chuja, kisha weka chombo kwenye maji baridi mara moja.

Chemsha kabla ya kunywa. Ugonjwa wa kutupa mimba wa mbuzi humpata binadamu kwa homa za kujirudia zinazofanana na malaria. Na hata yakichemshwa, maziwa haya yasiwe mbadala wa ya mama kwa mtoto wa chini ya mwaka mmoja, kwani yana upungufu wa folate.

Minyoo, kwato na chanjo

Kwa minyoo, geuza kope la chini. Nyekundu kama ilivyo ya mtu mwenye afya, mwache. Ya waridi hafifu au nyeupe, mtibu. Kudunga au kunywesha wote kila mwezi kunalea minyoo isiyosikia dawa, na kukadiria uzito kwa jicho kunafanya vilevile, kwa sababu wengi hukadiria chini. Dozi ya mbuzi kwa dawa nyingi hailingani na ya kondoo iliyoandikwa kwenye chupa, hivyo muulize mtaalamu wa mifugo. Albendazole usimpe jike aliyepandishwa karibuni.

Kwato zipunguzwe kila wiki sita hadi nane, masika bila kukosa. Vitoto wa wiki tatu hadi miezi minne wanaoharisha kinyesi cheusi au chenye damu, fikiria koksidia, vijidudu vya utumbo, kabla ya minyoo, na angalia kama sakafu yao imelowa.

Chanjo za kuulizia kwa afisa mifugo wa kata ni ya sotoka ya mbuzi na kondoo na ya homa ya mapafu ya mbuzi. Anayehamisha mbuzi kutoka Makete kwenda Usangu au Chunya ajue anamshusha kwenye kupe wengi, na ugonjwa wa moyo kujaa maji huwaua haraka mbuzi ambao hawajawahi kuuona. Aogeshwe kuanzia siku ya kuwasili. Mbuzi mgeni yeyote akae banda la peke yake wiki tatu hadi nne.

Lililobaki ni beberu. Vijiji vingi vina beberu mmoja wa Toggenburg, anapendwa, na anakaa miaka sita. Kufikia mwaka wa tatu anapanda binti zake, na kufikia wa tano wajukuu. Watoto wanazaliwa wadogo, wengine taya fupi, maziwa yanashuka, na lawama inaenda kwa hali ya hewa. Kikundi kiwe na makubaliano na kikundi cha kata nyingine: mabeberu wabadilishane kila baada ya miezi 18, kabla binti wa kwanza hajafika umri wa kupandishwa. Kila mbuzi awe na hereni yenye namba, na daftari moja la kikundi liandike namba ya mama, namba ya baba, tarehe ya kupandishwa, tarehe ya kuzaa na idadi ya watoto. Beberu asiyejulikana baba yake ahasiwe mapema na aende buchani.